Kompyuta mpakato ya kwanza ni ipi hasa? Naona Osborne 1 inapewa sifa isiyo yake

#1 Mkwezi wa Data

Wakuu, salaam.

Kila nikiuliza kompyuta mpakato ya kwanza ni ipi, jibu ni moja: Osborne 1, Aprili 1981. Wiki hii nimekaa nikazisoma habari zake vizuri na sijaridhika. Mashine ile ina kilo 11. Kioo chake ni cha inchi 5, kidogo kuliko cha simu niliyoshika sasa hivi, na mstari mmoja unaingia herufi 52 tu. Ukiifunga unaona cherehani ndani ya sanduku lake. Betri hakuna, kwa hiyo ukifika uendako kazi ya kwanza ni kuomba soketi.

Sasa kupakata ni kupakata. Mtoto anapakatwa, ungo wa mchele unapakatwa. Kilo 11 mapajani saa nzima, miguu inakufa ganzi kabla barua haijaisha. Dai langu: Osborne ni kompyuta ya kubebeka, si ya kupakata. Mpakato wa kwanza ni GRiD Compass ya 1982, kwa sababu ndiyo ya kwanza kukunjwa kama kitabu, kioo kikailalia kibodi. Mwenye kupinga aje na hoja.

#2 Dadisi

Nimeshakaa mkao wa kula. Wazee wa mitambo mko wapi?

#3 Bisibisi

Mkuu Mkwezi, kwenye Osborne tuko pamoja, kwenye GRiD tunaachana.

Mimi ni fundi wa laptopu Kariakoo, mwaka wa 14 huu. Mashine ikiletwa mezani kwangu kitu cha kwanza naangalia betri, cha pili bawaba. Hivyo viwili ndivyo vinavyoifanya iwe laptopu. Compass ilikuwa na bawaba safi kabisa lakini ile ya mwanzo haikuwa na betri! Ilitegemea umeme wa ukutani kama Osborne tu. Kwa hiyo ukiitupa Osborne kwa kukosa betri, Compass nayo inakwenda na maji.

#4 Mkwezi wa Data

Hoja nzito hiyo, Bisibisi. Ila Compass ilikuwa ya kilo 5 hivi, chini ya nusu ya Osborne. Mwili wake ulikuwa wa magnesiamu, na magnesiamu ile haikuwa pambo: ndiyo iliyoyoyusha joto la ndani kulitoa nje. Kioo chake kilikuwa bapa, kinawaka rangi ya kaharabu. Kumbukumbu yake ya kuhifadhia ilikuwa ile ya viputo, haina diski inayozunguka, kwa hiyo ikitikiswa haijali. Ndiyo maana NASA waliipandisha kwenye chombo cha angani mwishoni mwa 1983. Mtu akitaka kwenda nayo angani hawezi kuchukua sanduku la cherehani.

#5 NuruyaJioni

Habari zenu. Mkwezi, umeandika "iliyoyoyusha", nadhani ulitaka "iliyoliondoa" joto. Magnesiamu haiyoyushi kitu hapo, inapitisha joto tu, mwili mzima unakuwa kama bati la kupozea. Nafundisha elektroniki chuo cha ufundi Morogoro, wanafunzi wangu hukosea hapo hapo.

La pili, mmesahau bei. Compass iliuzwa dola 8,150. Osborne dola 1,795 pamoja na programu za kuandikia na za hesabu ndani yake, ambazo ukizinunua peke yake zilikaribia bei ya mashine nzima. Ndiyo sababu watu wanaikumbuka Osborne. Compass waliijua wanajeshi, wanaanga na mabosi. Kitu kilichonunuliwa na wachache vile kinaanzishaje zama?

#6 Mkwezi wa Data

Asante dada Nuru, nimepokea sahihisho. Kwenye bei sikubali: kuwa cha kwanza na kuwa maarufu ni mambo mawili.

#7 Mwana wa Pangani

Nyote mmeanzia katikati ya hadithi. Mwaka 1975 IBM walitoa 5100 na wenyewe waliiita ya kubebeka. Kilo karibu 25! Kioo inchi 5 vilevile, na swichi mbele ya kuchagua lugha ya programu, BASIC au APL. Ya juu kabisa iliuzwa dola 19,975.

Na kabla ya hapo kuna Alan Kay, mwanasayansi wa kompyuta wa Marekani. Mwaka 1968 alikuwa ameona mambo mawili: watoto wa shule wanaandika programu kwa Seymour Papert, mtafiti wa MIT, na kioo bapa cha plazma pale Chuo Kikuu cha Illinois. Akaviunganisha kichwani. Akakata boksi la karatasi ngumu kupata umbo la kompyuta ya mtoto, saizi ya daftari, akaiita Dynabook. Mwaka 1972 akiwa kituo cha utafiti cha kampuni ya Xerox pale Palo Alto, California, akaandika andiko lake: iwe chini ya kilo 2, bei iwe dola 500. Mwaka 1972, ndugu zangu, wakati kompyuta ya kawaida inakaa chumba chake na kiyoyozi chake.

Kwa hiyo wa kwanza ni Kay, hawa wengine wote ni mafundi wa kutekeleza.

#8 Bisibisi

Pangani, boksi haliwaki.

#9 Mwana wa Pangani

Haliwaki, sawa. Lakini nani aliyewaka baada yake bila kulitazama boksi hilo? John Ellenby aliyeanzisha GRiD alitokea wapi? Xerox, Palo Alto. Na 1978 Kay na wenzake, akina Adele Goldberg na Larry Tesler, walijenga NoteTaker, zikatoka kama kumi tu, kilo 22 kila moja. Itazame picha ya NoteTaker halafu itazame Osborne ya miaka mitatu baadaye, kibodi ndicho kifuniko, kioo kidogo katikati, diski pembeni. Mtoto kamfanana babu.

#10 Kito wa Likasi

Bonjour kwenu toka Brussels. Nyinyi wa pwani mkisema kompyuta mnaona Marekani tu. Ufaransa walionyesha Portal ya kampuni ya R2E pale maonyesho ya Sicob, Paris, Septemba 1980, miezi saba mbele ya Osborne. Aliyeitengeneza ni François Gernelle, yule yule wa kompyuta ndogo ya Micral N ya 1973. Hamuitaji kwa sababu habari zake ziko kwa Kifaransa.

#11 Mkwezi wa Data

Karibu Kito, hiyo sikuijua, nimejifunza. Uzito wake?

#12 Kito wa Likasi

Kilo 12. Na kioo chake ni mstari mmoja wa herufi 32. Najua utakachosema, lakini kama hoja ni nani alitangulia kuitoa kompyuta mezani na kuipa mpini, Portal iko mbele ya Osborne. Hilo moja mnipe.

#13 Mkwezi wa Data

Nimekupa kwa moyo mmoja.

#14 Tumbatu2

Assalaam alaykum. Mimi si wa mitambo, ni wa lugha, na mwenye uzi ameniita bila kujua alipoandika "kupakata ni kupakata".

Neno letu limetangulia hukumu. Huku Unguja kupakata ni kuweka mapajani na kushikilia. Si kubeba, si kueleka, si kukumbatia. Mtoto akiwa mgongoni ameelekwa, akiwa ubavuni amebebwa, akiwa mapajani na mkono mmoja umemzunguka ndio amepakatwa. Kwa hiyo aliyechagua neno mpakato aliweka masharti matatu: ukae kitako, kitu kiwe mapajani, na kitulie. Kitu cha mpini cha kilo 12 ni cha kubeba. Kilichofungwa ukutani kwa waya kinakuvuta ukikipakata, hakitulii.

Wakenya wanasema kipakatalishi, nalo zuri, lakini shina ni lile lile.

#15 Bisibisi

Sheikh Tumbatu umenipa ushindi! Waya umeondolewa kwa hoja ya lugha. Betri oyee.

#16 NuruyaJioni

Kwa sharti la betri na mapaja basi jibu liko wazi, ni Epson HX-20. Wenyewe waliionyesha mwishoni mwa 1981 na ikauzwa 1982. Kilo 1.6, saizi ya karatasi ya A4. Ndani ina betri ya kuchaji inayokaa saa 50 hivi, kaseti ndogo ya kuhifadhia, na printa ndogo inayotoa karatasi nyembamba kama risiti ya dukani. Aliyeibuni ni Yukio Yokozawa, alianza 1980 akiwa Suwa Seikosha, kampuni mama ya Epson huko Japani.

Na hapo kwenye Suwa Seikosha ndipo penye siri ambayo watu hawaisemi. Wale ni watengeneza saa! Ni familia ya Seiko. Mwaka 1973 Seiko walitoa saa ya mkononi ya tarakimu sita yenye kioo cha LCD (kile bapa kinachokula umeme kidogo), na mwaka huo huo Sharp wakatoa kikokotoo cha LCD. Wahandisi wa saa wamefundishwa toka siku ya kwanza kwamba betri ni ndogo kama kidonge na lazima ikae mwaka. Wale wa California walichukua kompyuta ya mezani wakaipunguza. Wajapani walichukua saa na kikokotoo wakavikuza. Mimi nasema mama wa mpakato ni saa ya mkononi.

#17 Mwana wa Pangani

Nuru, nimeisoma mara mbili hiyo. Nzuri. Lakini HX-20 ilikuwa na kioo cha mistari minne, herufi 20 kila mstari. Huo ni ujumbe wa simu, si ukurasa. Unaandikaje ripoti ukiona herufi 80 kwa wakati mmoja?

#18 NuruyaJioni

Unaandika kwa kukumbuka ulichoandika. Watu waliandika vitabu kwa taipureta ambayo haikuwaruhusu kufuta.

#19 Mzee Kalamu

Wanangu, hamjambo. Nimekuwa nasoma kimya toka jana. Nina miaka 71, nilikuwa mwandishi wa habari, nipo Mombasa, Majengo.

Mnabishana juu ya kioo kidogo. Mimi niliishi na kioo kidogo. Mwaka 1986 shirika la habari la nje nililokuwa nikiliandikia vipande lilinipa TRS-80 Model 100, ile ya Radio Shack iliyotoka 1983, imetengenezwa Japani na Kyocera. Mistari minane, herufi 40. Betri nne za kawaida, hizi za tochi ndogo, unazikuta duka lolote hata Lamu, na zinakaa saa 20. Hilo la kununua betri dukani mlipe uzito. Kilo moja na nusu hivi. Ukiiwasha inawaka papo hapo, hakuna kusubiri.

Kutuma habari kulikuwa hivi. Unapata chumba chenye simu. Unatoa vikombe viwili vya mpira, unavivika kwenye mkono wa simu, kimoja mdomoni kimoja sikioni. Unapiga Nairobi, ukisikia mluzi unabonyeza. Herufi 30 kwa sekunde. Habari ya maneno 600 ilichukua dakika mbili na kitu, nami nimesimama nimeushika mlango ili mtu asiufunge kwa kishindo, maana kishindo kikiingia kwenye vile vikombe herufi zinageuka takataka. Usiku mmoja kwenye hoteli fulani ya ufukweni mhudumu alikuja na toroli la vyombo mlangoni. Kule Nairobi wakasoma aya mbili halafu mistari ya mabano na alama za dola. Nilirudia mara tatu.

Lakini kabla ya hapo nilikuwa naisoma habari nzima kwa sauti kwenye simu, neno kwa neno, na mtu wa upande wa pili anaipiga taipu. Dakika arobaini. Kwangu mimi mpakato wa kwanza ni ule, sitaki kujua nani alitangulia.

#20 Dadisi

Shikamoo Mzee Kalamu. Umeniliza na huo mlango.

#21 Mwalimu wa Nyamirambo

Shikamoo Mzee. Nami niongeze kwenye ya Alan Kay, kwa sababu boksi lake hatimaye liliwaka, na kwetu Rwanda tumeliona. Ule mradi wa kompyuta moja kwa kila mtoto, alioutangaza Nicholas Negroponte 2005, Kay alikuwa mmoja wa waliouunga mkono, na wazo ni lile la 1972. Zile mashine nyeupe na kijani, XO, zilikuja nchini kwetu zaidi ya laki mbili.

Nimefundisha nazo. Kibodi ni mpira mmoja wa kijani usio na mwanya, maji hayaingii. Juu ina masikio mawili ya antena yanayosimama. Ukitoka nayo juani, ukizima taa ya nyuma, kioo kinageuka cheusi na cheupe na kinasomeka kama gazeti. Watoto wangu walikuwa wanakaa chini ya mti na wanaipakata kweli kweli, Sheikh Tumbatu ungefurahi. Tatizo letu lilikuwa umeme wa kuchaji, darasa lilikuwa na soketi moja na watoto 46.

#22 Bisibisi

Mwalimu, soketi moja kwa watoto 46! Betri, betri, betri. Nimesema toka #3.

Niwaambie kitu ninachokiona mezani. Laptopu ya leo ukiifungua, nusu ya nafasi chini ya mikono yako ni betri. Za zamani hazikuwa na lithiamu, Sony ndio walioileta sokoni 1991. Kabla ya hapo ilikuwa nikeli na kadimiamu, nzito, au ile ya asidi kama ya gari. Macintosh Portable ya 1989 ilikuwa na ya asidi, mashine nzima kilo 7 na zaidi, na betri ikifa haiwaki hata ukichomeka ukutani. Kwa hiyo mkiuliza kwa nini mipakato ilichelewa, msiende kwa kina Kay na maboksi. Wazo lilikuwepo. Kilichokosekana ni kilo moja ya umeme.

#23 NuruyaJioni

Nakukatalia nusu. Ukiwa na kioo kinachokula umeme kidogo, betri ndogo inatosha. Mashine ya Mzee Kalamu ilikaa saa 20 kwa betri za dukani bila lithiamu yoyote! Haikuwa na taa nyuma ya kioo wala diski inayozunguka. Tulipoanza kutaka taa, rangi na diski ndipo betri ikawa ndogo. Kosa si la betri, ni la matakwa yetu.

#24 Bisibisi

Hapo umenishika dada.

#25 Mja wa Matrah

Salaam toka Muscat. Mnaruka T1100 ya Toshiba kwa nini? Mimi ndiyo niliyoiona kwa macho, marehemu baba alikuwa mhasibu hapa na 1988 ofisi yao ilikuwa nayo moja, inafungiwa kabatini kama dhahabu. Rangi ya maziwa, kilo 4, inakunjwa, ina betri, na inatumia programu zile zile za IBM za mezani. Hapo ndipo vyote vilikutana: bawaba, betri, mapaja, na kazi ya ofisi.

#26 Mwana wa Pangani

Mja umesema la maana. T1100 ilitoka Aprili 1985, ikaanza kuuzwa Ulaya. Tetsuya Mizoguchi aliyeisimamia alikataliwa na wakubwa wake mwanzoni, hawakuona mteja. Mtu wao wa Ulaya, Atsutoshi Nishida, ndiye aliyekubali kuipigania. Lengo mashine 10,000 kwa mwaka. Na walichagua flopi (diski ya kuhifadhia) ndogo ya inchi 3.5 wakati kompyuta za IBM ziko kwenye ile kubwa laini, kwa hiyo ikabidi kuzibembeleza kampuni za programu zitoe matoleo ya flopi ndogo. Bila hilo ungekuwa na mashine nzuri na huna cha kuiwekea.

Lakini ya kwanza kuitwa kwa jina la "laptop" kwenye matangazo ni Gavilan ya 1983. Kilo 4, ina betri, inakunjwa, na juu ya kibodi ina sehemu ya kuteleza kidole, mababu wa hizi tachipedi. Bei dola 4,000. Kampuni ikafa upesi.

#27 Mkwezi wa Data

Kwa hiyo Gavilan ina bawaba, betri, mapaja na hata jina, na bado hakuna anayeikumbuka? Kwa nini?

#28 NuruyaJioni

Fedha ziliisha kabla mashine hazijawafikia watu wa kutosha. Na haikulingana sawasawa na IBM. Wenye kampuni ya Compaq walilielewa hilo mapema. Wale watatu waliotoka Texas Instruments, Rod Canion na wenzake, walichora mashine yao kwenye karatasi ya mezani mgahawani Houston. Ilikuwa kilo 13, nzito kuliko Osborne, lakini programu ya IBM unaitia na inakubali. Mwaka wa kwanza, 1983, wakauza 53,000. Mnunuzi alikubali kubeba kilo 13 ili asitupe programu zake.

#29 Kito wa Likasi

Na hiyo Compaq ndiyo iliyoiua kampuni ya Adam Osborne? Nilisikia alijiua mwenyewe kwa mdomo, alitangaza mashine mpya kabla haijawa tayari, watu wakaacha kununua ya zamani, Septemba 1983 akafilisika. Hata wafanyabiashara wameligeuza jina lake kuwa msemo.

#30 Mwana wa Pangani

Hadithi ya mdomo ni tamu, ndiyo maana imeenea. Lakini tazama soko. Mwaka 1982 Kaypro walitoka na kioo cha inchi 9 kwa bei iliyokaribiana na yake. Inchi 9 dhidi ya 5! Halafu Compaq na ulinganifu wa IBM, na Osborne anatumia CP/M, mfumo endeshi mwingine usiokubali programu za IBM. Kwangu mimi angekufa hata angekaa bubu.

#31 Bisibisi

Mimi nasema mali ilimlalia ghalani. Biashara za huku nimeziona zikifa hivyo hivyo, faida iko kwenye daftari, pesa iko kwenye maboksi. Alikuwa amefika kuuza 10,000 kwa mwezi, ukikua kwa kasi ile hesabu za ghala zinakukimbia.

#32 Dadisi

Swali nje kidogo. Kwa nini sisi Tanzania mashine hizi hatukuziona miaka hiyo? Babu yangu alikuwa karani wa serikali, kompyuta ameigusa baada ya kustaafu.

#33 Mkwezi wa Data

Dadisi, mwaka 1974 serikali ilipiga marufuku kuingiza kompyuta nchini. Kwa hiyo miaka ambayo Osborne na Epson wanashindana, bandarini Dar kitu hicho kinahitaji kibali maalumu.

#34 Dadisi

Kumbe! Mzee alikuwa anasema "zilikatazwa" nikadhani anatania.

#35 Mzee Kalamu

Nakumbuka. Nilivuka mpaka wa Lunga Lunga kuingia Tanzania na ile Model 100 mwaka 1987, afisa akaniuliza ni nini, nikamwambia taipureta. Akabonyeza herufi A, ikatokea A. Akasema pita.

Mnisamehe kama nilikosea, lakini niliamini nasema kweli. Kwangu ilikuwa taipureta.

#36 Tumbatu2

Hukukosea, Mzee. Hata Kiswahili wakati huo hakikuwa na jina jingine la kumpa.

#37 Dadisi

Mzee, mashine bado unayo?

#38 Mzee Kalamu

Iko kwenye kasha, chini ya magazeti. Toka 1994 sijaiwasha. Nitamwambia mjukuu aninunulie betri nne.

#39 Bisibisi

Mzee Kalamu, TAFADHALI usiiwashe bado. Ndani, kwenye bodi, kuna betri nyingine ndogo ya kadimiamu inayotunza kumbukumbu. Baada ya miaka 30 huvuja na kula njia za shaba. Mjukuu afungue skrubu nne za chini, atenganishe taratibu kwa sababu kuna kebo inayounganisha nusu mbili. Akiona uvimbe au unga wa kijani, aikate betri hiyo aitoe. Halafu siki nyeupe kwa mswaki laini, kidogo kidogo, siki inaua ile alkali. Amalizie na spiriti, aache ikauke siku nzima. Bila betri hiyo itawaka tu kwa zile nne, ila ukizitoa inasahau kila kitu.

#40 Mzee Kalamu

Nimeyaandika yote kwenye karatasi. Asante mwanangu.

#41 Mkwezi wa Data

Wakati tunasubiri: nimebadili dai langu kidogo. Kwa umbo, GRiD, maana Bill Moggridge ndiye aliyekaa akafikiria kioo kiikunjie kibodi, na kampuni ikapata hataza ya umbo hilo. Kwa kupakata, Epson. Kwa kazi ya ofisi, Toshiba.

#42 Mwana wa Pangani

Umegawa urithi kila mtoto kapata shamba, na Kay hana hata kaburi. Sikubali.

#43 Kito wa Likasi

Na Gernelle? Nilipewa #13 kwa moyo mmoja!

#44 NuruyaJioni

Mimi nabaki na saa yangu ya 1973.

#45 Mzee Kalamu

Bisibisi mwanangu, kulikuwa na unga wa kijani, kiasi cha ukucha. Mjukuu ameikata, amesugua kwa siki ya jikoni, imekaa siku mbili juu ya kabati.

Leo baada ya alasiri tumetia betri nne. Imewaka. Majina yale yale matano yamejipanga juu, BASIC, TEXT, TELCOM, ADDRSS, SCHEDL. Tarehe inasema Januari 1, 1900. Habari zangu hazimo, nilijua. Kitufe cha herufi N kinakwama, ukikibonyeza mara mbili kinakubali.

Tumeipeleka duka la jirani ikapimwe kwenye mizani ya sukari, kwa ajili ya Mkwezi: kilo moja na nusu, betri zikiwemo. Mjukuu ana miaka tisa. Amekaa kibarazani, ameipakata, anaandika jina lake.